Faili ulizofuta bado zipo: mwongozo wa programu na maktaba za kufuta data kabisa

Kompyuta kuukuu husafiri sana katika nchi yetu. Hushushwa bandarini Kilindini zikitoka Ulaya, Marekani na nchi za Ghuba, hupanda barabara hadi Nairobi, hutumika miaka kadhaa katika ofisi, saiba na vibanda vya Eastlands, kisha huuzwa tena. Nyingine hurudi Pwani kwenye buti ya basi. Kila mara mwenye kompyuta anapobadilika, diski iliyo ndani huenda nayo, pamoja na yote ambayo mwenyewe wa kwanza alidhani ameyafuta.

Tuchukue mfano wa Soko la Burma, kando ya Barabara ya Jogoo, karibu na Shauri Moyo. Jina lake linakumbusha vita vya Burma, ambako askari wa King's African Rifles kutoka huku kwetu walipigana wakati wa Vita vya Pili vya Dunia. Leo soko linajulikana kwa nyama. Mfanyabiashara wa soko la namna hii hahitaji kumiliki kompyuta ili data zake ziwe kwenye kompyuta. Anakwenda saiba kujaza ritani za KRA, kuchapisha nakala ya kitambulisho, kuombea mtoto mkopo wa HELB, au kuomba cheti cha maadili mema kupitia eCitizen. Nakala ya kila kimoja hubaki kwenye mashine ya saiba. Mhudumu mwaminifu huzifuta jioni. Swali la makala haya ni hili: akishazifuta, zimekwenda wapi?

Kufuta kwa kawaida hufanya nini

Jibu ni kwamba hazijaenda popote. Fikiria soko lenye daftari la vibanda. Daftari linasema kibanda namba 12 ni cha fulani. Karani akikata jina hilo kwa kalamu, kitabuni kibanda ni kitupu, lakini nyama bado inaning'inia pale pale hadi mtu mwingine apewe kibanda na kuweka bidhaa zake. Diski hufanya kazi vivyo hivyo. Faili ikifutwa, na hata pipa la taka likimwagwa, Windows hukata jina katika orodha na kutangaza kwamba nafasi ile iko huru. Yaliyoandikwa hubaki mpaka faili nyingine ije kuandikwa juu yake. Hilo laweza kutokea baada ya dakika moja, au lisitokee kabisa.

Kufomati haraka pia ni kubadilisha daftari tu. Ndiyo maana programu ya bure kama PhotoRec, iliyotengenezwa kuwasaidia watu waliopoteza picha kwa bahati mbaya, inaweza kurudisha faili nyingi kutoka kwenye diski iliyofomatiwa. Chombo hicho hicho kinachomwokoa aliyepoteza picha za harusi kinaweza kumfaidi mwizi.

Ushahidi si wa jana. Simson Garfinkel na Abhi Shelat wa Marekani walinunua diski 158 za mitumba na mwaka 2003 wakachapisha walichokikuta. Kati ya diski 129 zilizofanya kazi, ni 12 pekee zilizokuwa zimesafishwa ipasavyo. Katika nyingine walikuta maelfu ya namba za kadi za benki, barua za mapenzi na rekodi za wagonjwa. Kampuni kubwa nazo hazijapona. Septemba 2022, Morgan Stanley, benki ya Marekani, ilikubali kulipa faini ya dola milioni 35 baada ya diski zake za zamani kuuzwa mnadani zikiwa bado na data za wateja.

Faili za maktaba ni nini

Programu ya kompyuta haifanyi kila kitu peke yake. Sehemu za kazi zinazohitajika mara kwa mara huwekwa katika faili za pembeni, ambazo programu nyingi zinaweza kuziita. Faili hizi huitwa maktaba. Kwenye Windows jina lake huishia kwa .dll, kwenye Linux .so, na kwenye kompyuta za Apple .dylib. Ni sawa na seremala anayekwenda kuazima randa kwa jirani badala ya kila seremala kununua ya kwake.

Kazi ya kufuta kabisa inahitaji mambo matatu, na kila moja lina maktaba yake. La kwanza ni kufika kwenye nafasi halisi faili ilipokaa diskini na kuandika juu yake. La pili ni kupata namba za kubahatisha za kuandika, zisizoweza kukisiwa. Windows huzitoa kupitia maktaba zake yenyewe. La tatu ni kuungana na menyu za mtumiaji, ili akibofya faili kwa kitufe cha kulia aone amri ya kuifuta kabisa.

Mfano mzuri ni Eraser, programu ya bure iliyoanzishwa na Sami Tolvanen wa Finland mwishoni mwa miaka ya 1990. Katika matoleo yake ya zamani, kazi yenyewe ya kufuta ilikaa kwenye faili moja ya maktaba, eraser.dll, na amri ya kwenye menyu ilikaa kwenye faili nyingine, erasext.dll. Dirisha unaloliona ni kama kaunta tu, mashine iko nyuma. Ndiyo sababu ikikosekana DLL moja, programu nzima hukataa kufunguka na kutoa ule ujumbe ambao mafundi wote wanaujua, kwamba faili fulani haipatikani.

Kwenye Linux, nwipe, programu ya kufuta diski nzima, huitumia maktaba ya libparted kutambua diski zilizopo, na maktaba ya ncurses kuchora skrini yake. Nwipe ilitokana na DBAN, programu ya Darik Horn iliyotumiwa na mafundi wengi duniani, ambayo mwaka 2012 ilichukuliwa na kampuni ya Blancco.

Wanaotengeneza programu wana sehemu yao pia. Nywila hukaa kwenye kumbukumbu ya kompyuta wakati programu inaitumia, na ni lazima ifutwe mara kazi inapokwisha. Tatizo ni kwamba kikusanyaji, yaani programu inayogeuza msimbo kuwa kitu cha kuendeshwa, kikiona amri ya kufuta kumbukumbu ambayo haitasomwa tena, huiondoa kimyakimya ili kuongeza kasi. Maktaba zimeleta dawa: SecureZeroMemory kwa Windows, sodium_memzero katika libsodium, na explicit_bzero iliyoingizwa katika glibc toleo la 2.25 mwaka 2017. Kijana wa Nairobi au Mombasa anayeandika programu ya kushughulikia malipo anafaa kuzijua.

Vyombo vinavyoaminika

SDelete. Imeandikwa na Mark Russinovich wa Sysinternals, kampuni iliyonunuliwa na Microsoft mwaka 2006. Hupatikana bure kwenye tovuti ya Microsoft. Haina madirisha, amri huandikwa kwa mkono. Baada ya kuandika juu ya yaliyomo, huibadilisha faili jina mara 26, kuanzia herufi A hadi Z, ili hata jina la zamani lisibaki. Kwa kutumia amri sdelete -c C: hufuta mabaki yote katika nafasi iliyo huru.

Cipher. Tayari iko ndani ya Windows. Amri cipher /w:C:\ huijaza nafasi iliyo huru kwa sifuri, kisha kwa kinyume chake, kisha kwa namba za kubahatisha. Haigusi faili ambazo hujazifuta, kwa hiyo inamfaa mwenye saiba anayetaka kusafisha mwisho wa wiki bila kuharibu mashine.

Shred. Huja na Linux nyingi. Bila maelekezo mengine huandika mara tatu. Ukiongeza -u, huondoa na faili yenyewe. Waliyoiandika wanaonya wenyewe kwamba katika baadhi ya mifumo ya faili, inayoweka nakala kando, haiwezi kuhakikisha kila nakala imefutwa.

Eraser. Inamfaa asiyependa kuandika amri, kwa sababu ina madirisha na ratiba.

Je, ni lazima kuandika mara 35?

Fundi mmoja atakwambia mara tatu, mwingine saba, mwingine 35. Namba 35 ilitoka kwa Peter Gutmann wa Chuo Kikuu cha Auckland, New Zealand, katika makala yake ya mwaka 1996. Alikuwa anazungumzia diski za miaka ile, tena za aina mbalimbali, na orodha yake ilikusudiwa kuzigusa zote kwa pamoja. Gutmann mwenyewe baadaye alieleza kwamba kuifuata orodha nzima kwa diski za kisasa hakuna maana.

Taasisi ya viwango ya Marekani, NIST, katika mwongozo wake wa 800-88 uliorekebishwa Desemba 2014, ilisema kwamba kwa diski za sumaku, kuandika mara moja kwa kawaida kunatosha kuzuia data zisisomwe tena, hata kwa vifaa vya maabara.

Tofauti hii si ndogo mtaani. Diski ya GB 500 inayoandika MB 100 kwa sekunde huchukua karibu saa moja na nusu kujazwa mara moja. Ukiandika mara 35 ni zaidi ya saa 48 mfululizo, na stima isipotee. Anayeambiwa lazima iwe mara 35 huishia kutofanya hata mara moja. Mara moja iliyokamilika inamlinda mwenye data kuliko 35 zilizokatishwa.

SSD, flashi na simu

Hapa ndipo wengi wanapokosea. Yote tuliyosema kuhusu kuandika juu ya faili yanahusu diski za zamani zinazozunguka. SSD, flashi na memori kadi zina tabia nyingine. Sehemu zake huchakaa zikiandikwa mara nyingi, hivyo kidhibiti kilicho ndani huhamisha maandishi kutoka sehemu moja hadi nyingine ili zichakae sawasawa. Ukiiambia iandike juu ya faili, yenyewe huandika pembeni, na ile ya zamani yaweza kubaki pale ilipokuwa. Watafiti wa Chuo Kikuu cha California, San Diego, walilipima jambo hili mwaka 2011 na kukuta kwamba hakuna hata njia moja ya kufuta faili moja moja, zile zilizobuniwa kwa diski za kawaida, iliyofaulu kwenye SSD.

Kwa SSD kuna njia mbili. Ya kwanza ni amri ya kufuta iliyojengwa ndani ya diski yenyewe, ambayo huitwa kupitia programu ya mtengenezaji au, kwa baadhi ya kompyuta, kupitia BIOS. Ya pili ni kuisimba diski kwa siri tangu siku ya kwanza, kwa mfano kwa BitLocker ya Windows. Siku ya kuuza, ukiharibu ufunguo, yote yaliyobaki ni takataka isiyosomeka. Njia hii ya pili inataka uwahi. Kusimba leo hakuponyi yaliyoandikwa wazi jana.

Simu nazo ni hivyo hivyo. Mwaka 2015, Laurent Simon na Ross Anderson wa Cambridge walijaribu simu 21 za Android zilizotumika na kuonyesha kwamba kuirudisha simu katika hali ya kiwandani kuliacha data nyuma. Kuanzia Android 6, iliyotoka mwaka huo huo, simu mpya zenye uwezo hutakiwa kusimba data tangu mwanzo, na hilo limepunguza hatari sana. Kama unauza simu ya zamani zaidi, washa usimbaji kwanza, kisha ndipo uirudishe katika hali ya kiwandani. Toa laini na memori kadi, na ujiondoe kwenye akaunti ya Google, au mnunuzi atakurudia kesho simu ikiwa imefungwa.

Maktaba ya bandia, na maktaba iliyogeuzwa silaha

Ujumbe wa DLL kukosekana unapotokea, wengi hukimbilia tovuti zinazogawa DLL moja moja. Usifanye hivyo. Faili ya maktaba huendeshwa kwa mamlaka yote ya programu iliyoiita, na programu ya kufuta hupewa mamlaka makubwa kuliko nyingi. Isitoshe, programu nyingi za Windows huanza kuitafuta DLL ndani ya folda yao wenyewe. Mtu akiweka humo faili yake yenye jina lile lile, itachukuliwa kuwa ndiyo. Dawa ni kuiondoa programu na kuiweka upya kutoka kwa waliyoitengeneza. Kisha fungua sifa za faili uangalie sahihi yake ya kidijitali, au tumia certutil -hashfile kulinganisha alama yake ya SHA256 na ile iliyotangazwa na mtengenezaji.

Na hata chombo halali chaweza kufanya uharibifu. Agosti 15, 2012, kirusi cha Shamoon kiliishambulia Saudi Aramco, kampuni ya mafuta ya Saudi Arabia, na kuharibu kompyuta zipatazo 30,000. Kazi ya kuandika moja kwa moja kwenye diski ilifanywa na RawDisk, kiendeshi halali cha kibiashara cha kampuni ya EldoS. Wavamizi walikuwa na leseni ya majaribio tu, na kirusi kilirudisha nyuma saa ya kompyuta ili leseni ionekane haijaisha muda. Februari 2022, nchini Ukraine, kirusi cha HermeticWiper kilitumia kwa namna hiyo hiyo kiendeshi kilichotoka katika programu ya EaseUS ya kugawa diski. Funzo kwa mwenye ofisi ndogo: usiache programu za kufuta kwenye mashine ambayo kila mtu anaigusa, na weka nakala ya akiba isiyounganishwa na kompyuta.

Sheria inasemaje

Sheria ya Kulinda Data ya Kenya ilitiwa saini Novemba 2019. Kifungu cha 39 kinazuia kukaa na data za mtu kupita muda unaohitajika, na muda ukiisha ni lazima zifutwe au ziondolewe utambulisho. Kifungu cha 40 kinampa mwananchi haki ya kudai data zake zirekebishwe au zifutwe. Data zikivuja kwa njia inayoweza kumdhuru mwenyewe, aliyezishika ana saa 72 kumjulisha Kamishna wa Data. Faini ya kiutawala yaweza kufika shilingi milioni 5, au asilimia 1 ya mauzo ya mwaka, ile iliyo ndogo. Kwamba si maneno matupu ilionekana Septemba 2023, pale ofisi ya Kamishna ilipotangaza faini ya shilingi 4,550,000 kwa shule moja, 1,850,000 kwa klabu, na 2,975,000 kwa mkopeshaji wa mtandaoni. Makosa yao hayakuhusu diski kuukuu, ila yanaonyesha kwamba ofisi hiyo haiangalii kampuni kubwa peke yake. Uganda ina sheria yake ya mwaka 2019, na ya Tanzania ya mwaka 2022 ilianza kutumika Mei 1, 2023.

Lakini usifute kila kitu kwa hofu. Rekodi za kodi sharti zitunzwe miaka mitano. Kufuta data za mwingine bila idhini ni kosa chini ya sheria ya makosa ya mtandao ya 2018, na kufuta kilichotakiwa na mahakama ni kuharibu ushahidi.

Kabla ya kuuza: hatua kwa hatua

1. Nakili unachotaka kubaki nacho, kisha kifungue huko ulikokinakili uhakikishe kinasomeka.
2. Jiondoe kwenye barua pepe, eCitizen, iTax na akaunti nyingine zote, na ubadilishe nywila ukiwa kwenye kifaa kingine.
3. Jua aina ya diski. Ikiwa inazunguka, tumia nwipe kwa kuiandika yote mara moja. Ikiwa ni SSD, tumia programu ya mtengenezaji.
4. Kama hujui amri, tumia njia ya Windows 10 au 11 ya kuirudisha kompyuta upya, ukichagua kuondoa kila kitu na pia kusafisha diski. Usipochagua kusafisha, umekata jina daftarini tu.
5. Jaribu kuvunja kazi yako mwenyewe. Endesha PhotoRec. Ikirudisha chochote chako, rudia.
6. Ukimwachia fundi, kaa pale hadi aishe, au toa diski umpe mashine bila diski.

Diski iliyokufa haiwezi kuandikwa, ila maabara yaweza kuisoma. Hiyo huvunjwa. Kutoka Burma ni mwendo mfupi tu hadi kwa mafundi wa jua kali wa Kamukunji, ambao chuma ndiyo kazi yao. Kinachotakiwa kuharibiwa ni sahani zilizo ndani, si kasha. Vaa miwani, kwa kuwa sahani za diski nyingi za vipakatalishi ni za kioo na hurusha vipande. Kwa SSD, kila chipu ivunjwe, kwani hata moja iliyosalia ina data. Usichome moto, moshi wa saketi ni sumu na Eastlands imekwisha kubeba moshi wa Dandora wa kutosha. Mabaki yapelekwe kwa wanaoshughulikia taka za elektroniki, kama WEEE Centre ya Nairobi, na ofisi idai cheti cha kuharibiwa kwa data.

Mwenye duka la kompyuta Mombasa naye ana wajibu. Mashine ikiingia dukani, isafishe kabla ya kuionyesha kwa mnunuzi, hata kama aliyekuuzia ameapa kwamba ni safi. Saa moja na nusu ya umeme ni gharama ndogo. Data zilizomo huenda si za aliyekuuzia. Huenda ni kitambulisho, namba ya simu na namba ya KRA vya mama mmoja wa Soko la Burma aliyeingia saiba mara moja tu kuchapisha karatasi, na ambaye siku mkopo utakapochukuliwa kwa jina lake hatajua ulianzia wapi.